Mizani Haipangi Bei

Mimi ni mpimaji, Mwaloni Kirumba.
Alfajiri nafuta magamba ya jana kwa kipande cha kanga,
natundika jiwe la kilo kumi
kuona kama mizani bado inasema kweli.
Sangara anapanda, sindano inatetemeka, inatulia.
Nasoma. Naandika.
Bei wanapanga wengine, kwenye ofisi yenye feni.
Mvuvi akinifokea kwamba imeshuka tena
humjibu: baba, mizani haipangi bei.

Sikujua neno hilo ningerudishiwa
mbele ya Jaji, siku ya Jumatano,
nimevaa viatu vya shemeji.

Shule ya Nabuzinza ina vyumba vitatu,
watoto sabini na wanne,
na kengele ya rimu ya lori
iliyofikaje kisiwani hakuna ajuaye.
Waraka ukasema: isiyofika watoto mia ifungwe,
wanafunzi wavuke ng'ambo.
Ng'ambo ni nusu saa kwa injini, ziwa likiwa limelala.
Ziwa halilali kwa ratiba ya vipindi.
Mwanangu Nyamizi, aliye kwa bibi yake,
alinisomea waraka kwenye simu, neno kwa neno,
akakwama kwenye "tija".
Nami nilikwama hapo hapo.

Wazazi ishirini na mmoja tukachanga.
Wakili Masalakulangwa alituonya mapema:
"Mle ndani tusiseme waraka ni mbaya.
Tuseme haukupita mlangoni."
Sisi tulitaka kusema ni mbaya.
Mama Kabula alikuja na sare ya mwanawe kwenye salfeti,
ina rangi ya tope hadi kifuani
(mwenyewe yu hai, alishika dumu).
Sare haikuwa kwenye orodha ya vielelezo.
Akaipakata hadi jioni.

Jaji hakuwa na sauti ya ukatili.
Hapo ndipo paliponiuma.
"Waziri anayo mamlaka haya? Anayo.
Uamuzi wake ni wa kichaa,
ambao hakuna mwenye akili timamu angeufikia? Hapana.
Mimi, ningekuwa Waziri, huenda nisingeufanya.
Lakini mimi si Waziri.
Leo nikihesabu madawati,
kesho nitapanga mitaala, kesho kutwa nitaajiri walimu,
nanyi mkichoshwa nami
hamna sanduku la kura la kuniondolea."

Nilimwelewa. Mungu anisamehe, nilimwelewa
kama mpimaji anavyomwelewa mpimaji.

Kisha akavua miwani, akauliza
tangazo la kuwaita wananchi watoe maoni lilibandikwa wapi.
Ofisi ya kata, akajibu wakili wa Serikali, siku kumi na nne.
Na ofisi ya kata iko wapi?
Ng'ambo, Mheshimiwa.
Kimya kidogo. Nje mtu alikuwa anaosha pikipiki.

Uamuzi ukatenguliwa.
Tulishangilia hadi karani akatunyamazisha.
Wakili peke yake hakushangilia:
"Watakuja, watawasikiliza, watasaini mahudhurio.
Halafu wanaweza kuamua vilevile.
Safari hii kwa kufuata mlango."

Walikuja. Maofisa watatu, maboya shingoni,
mmoja alitapika kabla ya kufika.
Mama Kabula aliitandaza ile sare juu ya daftari lao.
Hakuna aliyeitoa.
Wakaondoka. Hatujajibiwa.
Rimu ya lori inalia kila asubuhi,
Nyamizi ananisikilizisha kwenye simu
kama mtu anayethibitisha kwamba mgonjwa anapumua.

Leo kijana mmoja wa dagaa aligoma:
dada, mizani yako inaniibia.
Sikugombana naye. Nikampa jiwe,
tundika mwenyewe.
Akatundika. Kumi.
Bei ikabaki pale pale.
Lakini hakuondoka; alisimama muda mrefu,
ameikazia macho sindano.