Dakika Kumi na Moja

Mkebe wa biskuti uko juu ya kabati,
nimeufunga kwa ukanda wa mpira wa baiskeli.
Ukiufungua, harufu ya siki inakupiga puani:
hivyo ndivyo filamu inavyonuka ikianza kufa.

Ndani zimo dakika kumi na moja za Leonila Dimaculangan.
Kwa lugha ya kwao Batangas, jina hilo la ukoo
ni kama kusema: hapunguziki.
Watu wa bodi walilisoma kwenye jalada, wakacheka,
kisha wakaagiza mkasi.

Tuanzie Lemery basi, kama alivyopenda kuanza mwenyewe.
Sinema mbili, nakala moja.
Baba yake alikuwa mbeba riili:
ya kwanza ikiisha huku, anaifunga kwenye baiskeli
na kukanyaga pedeli hadi kule, taa zisije zikawashwa.
Usiku mmoja mnyororo ukakatika nyuma ya kanisa.
Riili ya nne haikufika. Pazia likabaki jeupe,
miluzi, maganda ya karanga yakiruka gizani.
Binti wa miaka kumi, kandambili mguu mmoja tu,
akapanda mbele akawaambia kilichotokea:
mjane hakumsamehe shemeji.
Alimpikia. Aliketi karibu akamtazama akila.
Hakumsamehe.

Ukumbi, kimya.
Riili ilipowasili, mjane wa kwenye pazia alisamehe upesi,
na watu wakadai nauli zao.

Manila, miaka tisa, aliwaandikia wengine.
Chumba juu ya duka la miwani, mashine ya kuchapa
isiyopiga herufi g,
na Kitagalogi bila g ni mchuzi bila chumvi.
Alizijaza kwa kalamu, moja moja, hadi majogoo.
Majina ya wanaume yakapanda kwenye pazia;
lake lilibaki kwenye stakabadhi.
Bwana Uytiepo alilipa nusu kwa hundi, nusu kwa mchele.
Mchele, walau, benki haikuurudisha.

"Nakupa siku saba uongoze yako," alisema siku moja.
"Mungu naye alitumia hizo hizo."
"Mungu," akajibu Leonila, "hakuwa na mwigizaji mwenye jino bovu."

Hapo ndipo nilipoajiriwa mimi, Purificacion, miaka ishirini,
kuandika daftarini nani alishika kikombe kwa mkono upi.
Saa sita usiku amri ilikataza mtu kuonekana barabarani,
tukajifungia ndani ya dobi moja ya Tondo
tukapiga picha hadi saa kumi, jasho na sabuni.
Mama anafua shati la mwanawe.
Doa halitoki.
Anabadilisha maji. Anabadilisha tena.
Hasemi, na mwana haonekani.

Bodi wakasema: hapa hakuna kinachotokea.
"Kama hakuna, mnakata nini?"
Sikumsikia mtu akimjibu.
Nilizoa vipande sakafuni, nikavitia ndani ya sketi yangu.

Baadaye filamu ishirini na mbili: mizimu, mabondia,
mapenzi ya hospitalini, karo za wadogo zake sita.
Nyingine hata mimi sizitetei.
Mafuriko yakaingia ghala la Marikina yakachukua hasi zote,
naye alipopigiwa simu aliuliza kwanza
kama mlinzi ameokoka.

Mwaka juzi wakamtuza katika jumba la maduka, Quezon City,
ghorofa ya nne, kando ya duka la viatu.
Bamba la kioo, maua, wasichana wakimulika kwa simu.
Akavaa miwani akasoma jina lake: *Dimaculanan*.
Wamempunguza herufi moja.
Mwenyekiti akaanza kuomba radhi kwenye kipaza sauti,
lakini yeye alikwisha kufungua mkoba,
akatafuta kalamu,
akaipachika g mahali pake, taratibu,
kama mtu anayefunga kifungo cha mtoto.

Tulimzika mwezi wa mvua.
Kijana wa makavazi amepiga simu mara tatu,
ana mashine, asema, inayoweza kuziamsha.
Atakuja Alhamisi kuchukua mkebe.
Nimemwambia asilete gari.
Aje na baiskeli, na mnyororo aukague.