Kazi Ulizowahi Kufanya

Fomu ya mafao ina mistari mitatu tu.
Wa kwanza nimeandika: karani wa mizani, kiwanda cha pamba, Igogo.
Wa pili: mtunza stoo, bandarini.
Wa tatu shangazi Nyanjige ameuwekea kidole,
kile kilichopinda,
akasema: Andika winga wa kulia.

Shangazi, hiyo si kazi.

Ananitazama kama refa aliyekosea.
Andika.

Gongo la kwanza alilichonga Gurdip seremala
kwa mforsadi ulioangushwa na mvua nyuma ya hekalu lao.
Mpira ulikuwa kizibo ndani, ngozi nje, chokaa juu,
na uwanja wa Mabatini ulikuwa na kokoto kuliko nyasi.
Pasi iliondoka chini, ikafika kifuani.
Mwalimu Fonseka alikuwa akipuliza filimbi na kufoka:
Msiutazame mpira! Tazameni jiwe lililo mbele yake,
jiwe ndilo litakalowaambia.

Niliyajua mawe yale, anasema, kama watoto wa jirani:
yupi mtulivu, yupi mchokozi.

Siku ya kupanda treni kwenda kambini
askari wa stesheni aliuliza, Binti, umebeba nini?
Nikajibu, Gongo.
Nusura nilale ndani!
Alinusa mfuko, akanusa mpini, akanusa na viatu,
akakosa pombe, akapata jasho,
akaniruhusu huku amekunja uso
kama mtu aliyepunjwa.

Huko Olimpiki
(hutamka neno hilo kama mtu anavyotaja nyumba ya wakwe,
kwa heshima, bila kusogea karibu)
uwanja ulikuwa zulia.
Kijani kitupu, umenyweshwa asubuhi
kama bustani ya mkuu wa mkoa.
Nikatafuta jiwe la kutazama.
Hapakuwa na jiwe.
Mpira ukaja, na mikono yangu, iliyosomeshwa Mabatini,
ikainuka kidogo, ikaungoja pale ungerukia.

Haukuruka.

Ulipita chini ya gongo, umenyooka kama mstari wa daftari,
ukatoka nje,
na umati wote ule ukanyamaza kwa adabu.
Kuzomewa ningezoea.
Adabu ndiyo iliyoniuma.

Mechi ya tatu nikaanza kuiamini ardhi.
Nilikuwa na dakika kumi na moja nzuri; nilizihesabu.
Krosi tatu, kona fupi moja niliyoichuma mwenyewe,
na beki wao, mrefu kama nguzo ya simu,
akageuka kunitafuta upande ambao sikuwepo.
Kisha tukafunga virago.
Medali hatukuleta. Nilileta kijiko cha bwalo,
mama akakipimia magadi hadi kilipokatika shingo.

Na kidole? nauliza, kalamu mkononi.
Kumbe walikuvunja kule?

Anacheka hadi anashika ukuta.
Kule! Kule nani angenivunja?
Nilirudi Jumanne. Alhamisi nikaingia Mabatini
na viatu vipya na ile imani yangu mpya.
Fonseka akanipigia pasi ya kawaida, ya kunikaribisha.
Nikainama chini kabisa, kama walivyoinama wale.
Nilikuwa nimeyasahau mawe.

Alicheza misimu minne tena, kidole kimefungwa kitambaa cha kanga,
mpaka uwanja ukapimwa, ukakatwa viwanja,
na golini pakaota choo cha mtu.
Gongo sasa linashikilia dirisha la jikoni,
upepo wa ziwa unaingia na harufu ya dagaa,
na mwewe akijisahau juu ya vifaranga
linashuka, mara moja, kwa mkono wa kulia,
na dirisha linajifunga lenyewe. Paa!

Haya. Nimeandika: winga wa,
mstari ukaisha.
Shangazi akaninyang'anya kalamu,
akaendelea pembeni, herufi kubwa,
juu ya maneno madogo yasemayo Usiandike hapa:
KULIA.