Sekunde Saba

Juma la kwanza roboti liliuliza upesi mno.
Mzee Taisto akalifunika kitambaa cha meza,
kama mtu anyamazishaye kasuku.

Nikarudi maabarani Oulu, nikapunguza sauti,
nikainamisha shingo yake kidogo,
nikaandika: baada ya swali, ngoja.
Sekunde mbili. Nne. Wenzangu wakacheka: limekufa?
Nikaweka saba.

Leo theluji imeziba dirisha.
"Umekunywa dawa?" limeuliza, likanyamaza.
Kijiko kikazunguka kikombeni.
Moja, mbili… nahesabu nyuma ya mlango,
sita—

"Aune ndiye aliyekuwa akinikumbusha,"
akasema mzee,
akakivuta kiti cha pili karibu na meza.

Dawa hajanywa.
La kiti, sijui niliandikeje kwenye ripoti.