Hori

Mwezi wa nane, Tudor, chumba cha nyuma ya duka la rangi.
Kuta zimevaa trei za mayai
na feni tumeizima, maana maikrofoni ina masikio ya mwizi,
husikia hata jasho.
Ninaimba Krismasi.
Ninaimba usiku wa baridi, kengele,
farasi akivuta gari lisilo magurudumu,
na blauzi imenigandama mgongoni kama stempu.

Hoteli moja ya Nyali ndiyo inayolipa. Nyimbo kumi,
zile zile nilizoziimba ukumbini miaka kumi na tisa
chini ya theluji ya pamba
ambayo Mwachofi wa bustani huinyunyiza juu ya mvinje
na Januari huikusanya tena, tonge kwa tonge, ndani ya gunia.
"Wageni wazitaka kama wazijuavyo," aliniambia meneja.
"Usiongeze chumvi."
Wageni hao. Wanaikimbia theluji kwa ndege ya saa tisa,
wanafika kwetu, wanavua viatu,
kisha wananiomba niwaimbie theluji.

Fundi ni Shekuwe, Mbajuni wa Kizingitini,
kofia ya viua, vidole vya mtengeneza saa.
Tunarekodi kati ya adhana na adhana.
Anajua msikiti utaita lini,
lori la maji litapita lini,
kunguru wa mabati ya jirani wataanza lini kudaiana.
"Tuna dakika kumi na mbili," anasema.
"Mwambie mtoto wako azaliwe upesi."

Wimbo wa saba ni wa Kiswahili. Niliung'ang'ania mimi.
Mama aliuimba Mikindani akifua shuka za watu,
na ubeti wa tatu aliukosea maisha yake yote:
palipoandikwa hori, yeye aliweka hodi.
Bwana Mwakio wa kwaya alimsahihisha Jumapili hata Jumapili,
akachoka, akafa,
mama akaendelea.

Shekuwe anasimamisha mashine.
"Hori gani hii? Kwetu hori ni chombo, cha kuvukia.
Mtoto wamemlaza chomboni?"
La, namwambia. Hori la ng'ombe, la kulia majani.
"Ng'ombe," anasema, kama mtu aliyepunjwa sokoni.

Tunarudia. Tunarudia tena.
Mara ya nne sauti imechoka vizuri,
imeshuka hadi pale isipojipamba,
na nilipofika ubeti wa tatu
mdomo haukuniuliza.
Hodi, niliimba.
Hodi, kwa ile o ndefu ya mama,
o ya mtu ambaye mikono yake iko povuni
na hawezi kujifuta uso.

Na masikioni mwangu, taratibu,
bila kuinua macho kutoka kwenye mashine,
Shekuwe akaitika:
"Karibu."

Hakukusudia. Nani kwetu atasikia hodi akanyamaza?
Ni goti tu, limegongwa, likaruka.
Maikrofoni yake ilikuwa wazi.
Tukatazamana kwenye kioo, yeye na kofia yake,
mimi na maji yaliyonitoka ambayo naliita jasho.
"Nifute?" akauliza.
Lori la maji likapita kabla ya wakati wake,
likatuokoa tusijibizane.

Hotelini tumewapelekea ule wenye hori.
Umenyooka. Meneja ameusifu, amesema hauna chumvi.
Utauzwa mapokezi, karibu na kofia za makuti na mafuta ya jua.

Huu mwingine umo kwenye simu yangu, hauna jina, una tarehe tu.
Nikitoka kazini usiku, miguu ikiniwaka,
nausikiliza hadi pale,
hadi ile karibu,
kisha nazima.
Ubeti mmoja unabaki.
Sijui niliuimbaje.