Nepi za Saa Nane

Raya yuko zamu ya usiku, wodi ya wazazi,
na mimi niko darini, Langoni,
na beseni la nepi kumi na moja.
Saa nane. Saa hii nimeichagua mwenyewe:
muadhini bado amelala, baraza ni tupu,
punda tu ndio walio macho, na punda hawasemi.

Nasuuza. Nakamua.
Mama angeniona angesema sikamui, nanyonga.
Lakini hakunifunza. Ufagio, moto, vyombo
vilipita juu ya kichwa changu kwenda kwa dada
kama masinia ya pilau
yanavyompita mtoto aliyekaa katikati ya mkeka.
"Toka jikoni, mtu mume!"
Nikatoka, nina miaka sita,
najivuna, na njaa tumboni.

Tangu duka lifungwe, kodi ni ya Raya.
Hunitia noti mkononi nikamlipe mwenye nyumba
ili risiti iandikwe jina langu.
Hajawahi kulitaja hilo.
Wala mimi sijawahi kumshukuru.

Jioni, barazani, Famau alisema
(Famau mchonga milango, mwenye kifua,
ambaye kicheko chake husikika hadi sokoni):
"Mtu mume hashiki mavi ya mtoto.
Riziki humkimbia."
Tukacheka. Mimi nilicheka zaidi,
vidole nimevikunja ndani ya ngumi
visije vikanukia sabuni.

Kibanio kinaniponyoka,
kinagonga bati la jirani.
Ng'ambo ya uchochoro, dari ya chini kidogo,
mtu anainua kichwa:
kanga ya mkewe begani,
vibanio viwili mdomoni,
mikononi kigauni cha njano kinachuruzika maji.
Kifua kile.

Uchochoro wetu ni mwembamba,
ningenyosha mkono ningempa salamu.
Hakuna aliyesema neno.
Akakitundika kigauni, akakivuta mabegani
kisikauke na mikunjo.
Hilo sikulijua.
Nikaichukua fulana ya mwanangu
nikaivuta vivyo hivyo.

Jioni ya pili kahawa ikaja, mbuzi wa shaba anafuka.
Vijana wakamgeukia Famau, wanangoja.
"Mtu mume," akaanza,
macho yake yakanigonga.
Akapuliza kikombe.
Akapuliza tena.
"Kahawa ya leo," akasema, "ina moto."