Kopo Namba 117

Mwaka ule ng'ambo walikataa kahawa yetu.
Redio ya jirani ilinong'ona usiku:
wamefunga mlango ili ikulu ione njaa.
Ikulu haikuona njaa.
Njaa ilipotea njia, ikashuka treni Tororo,
ikauliza wodi ya watoto iko wapi,
ikaelekezwa.

Nilikuwa karani wa stoo,
funguo tatu kiunoni, daftari kwapani.
Sabuni hakuna. Chumvi kwa kijiko.
Sukari tulikuwa tukiisimulia tu.
Sista Asekenye alichemsha sindano ileile
hadi ikawa butu kama msumari wa kiatu.

Kisha yakaja maziwa ya unga.
Vikwazo, walisema waliotuma,
havigusi kinywa cha mtoto.
Makopo mia nne,
kila moja limepigwa chapa ubavuni:
ZAWADI, SI YA KUUZA.

Stesheni nikahesabu mia tatu na sitini.
"Malaba walikuwa na kiu," akasema mkuu wa stesheni,
na hakucheka, nami sikucheka.
Lori la jeshi likatusaidia kubeba;
msaada wa kubeba nao una ujira wake.
Mlangoni mwa stoo: mia mbili na kumi.
Nikayatia namba kitakoni, moja moja,
kwa kalamu ya kopi, nailowesha kwa mate,
hadi ulimi ukawa zambarau.

Usiku akaja Bwana Ikwap wa ofisi ya mkoa
na mgeni wa shati la maua,
mmoja wa wale tuliowaita mafuta mingi,
watu ambao uhaba uliwanenepesha.
Hakunitisha. Angenitisha, ningekuwa na la kusimulia.
Aliniuliza hali ya mke wangu, Nyafwono.
Aliniuliza nyumba yangu ina milango mingapi.
Kisha akalifungua daftari mwenyewe, taratibu,
akanionyesha safu ambayo sikuwahi kuitumia:
Yaliyomwagika.

Nikaandika. Makopo tisini na moja.
Yamemwagika, yamemwagika, yameingia maji,
panya, yamemwagika.
Mwandiko wangu ulikuwa mzuri. Misheni walinisifia.

Daktari akatia saini barua ya shukrani:
mia nne yamepokelewa, Mungu awabariki.
Nilimtazama. Akasema, bila kuinua macho,
"Tukiwaambia kweli, watafunga na dirisha."

Wodini Asekenye alikoroga nyembamba,
nyembamba hata ungeona kidole
upande wa pili wa glasi.
Mtoto wa kitanda cha sita alikunywa,
akatazama ndani ya kikombe,
kisha akatutazama sisi.
Habari za kitanda cha sita naziachia hapo.

Mwisho wa mwezi Nyafwono akarudi kutoka magendo
uso unang'aa, kitu kimefichwa chini ya kitenge.
Mshahara wangu wote, na kuku wawili juu yake.
Kopo.
Ubavuni wembe ulikuwa umepita,
umekwangua silabi moja tu:
ZAWADI,      YA KUUZA.

Nililigeuza kabla hajawasha moto.
Mia moja na kumi na saba.
Zambarau. Mkia wa saba umekunjwa
vilevile nilivyofundishwa kuukunja.

"Mbona hunywi?"
"Nangoja ipoe."
Chai ilikuwa nyeupe, chai ya watu,
na wanangu walilamba vijiko,
wakalamba na kifuniko.
Nikanywa. Ilikuwa tamu.
Hilo la utamu ndilo sijamwambia padri.

Mlango wa ng'ambo ulikuja kufunguliwa.
Ikwap alizikwa kwa bendi.
Mimi nimestaafu, na daftari nilitoka nalo.
Hulifungua wakati wa mvua, nisipokuwa na mgeni.
Safu ya yaliyomwagika imejaa hadi mstari wa mwisho,
na katika kurasa zote zile
hakuna hata chembe iliyogusa sakafu.