Futi ya Kushonea

Alizaliwa usiku wa Mfunguo Pili,
kwenye banda la makuti nyuma ya nyumba yetu, Shumba Vyamboni.
Taa nilishika mimi, si kwa ujuzi,
ila kaka yangu Shaame kalala, kachoka na mawe.

Ilitoka miguu kwanza, mirefu kuliko haja,
ikafuata pua, kisha mwili wote, pwata, juu ya majani makavu.
Tabu, punda wetu, akageuka akamtazama
kama mtu aliyeletewa mzigo asiouagiza.

Mara nne alisimama, mara nne akaanguka,
magoti yakigongana kama vikombe kwenye sinia.
Ya tano akasimama.
Akalitafuta ziwa ukutani,
akalitafuta kwenye kanga yangu,
hata akalipata pale lilipo.
"Dang'a," marehemu baba alizoea kusema, "ndiyo kanzu ya kwanza.
Asiyeivaa kabla ya alfajiri, maradhi humkuta uchi."

Mimi fundi cherehani. Sindano za mifugo sizijui.
Changu ni futi.
Basi kila Ijumaa, Shaame akiwa msikitini,
nilimzungushia kifuani, nyuma ya miguu ya mbele,
nikaandika kwenye daftari la wateja,
kati ya gauni la Bi Mwache na sare za wanawe Khatibu:
sitini na mbili.
Wiki ya pili akaharisha; futi haikusogea.
Sitini na sita.
Sabini, siku aliyoiba pumba mdomoni mwa mamake.

Ilipoingia Mfunguo Nane mbavu za Tabu zilihesabika.
"Mlikize huyo," akaniambia Bi Mkasi, "atammaliza mwenziwe."
Likiza. Neno hilo mara ya mwisho
nililitumia kwangu mwenyewe, na shubiri.

Hatukumpeleka mbali. Tulipigilia miti kati yao,
nafasi ya kupenya pumzi, si ya kupenya pua.
Usiku ule hakulala mtu.
Kilio cha mwana wa punda ni mlango wa chuma usiojua mafuta;
Makame wa nyumba ya tatu alikuja na tochi
kuuliza nani kafa.

Asubuhi Tabu akafungwa garini, ziwa limejaa, linavuja.
Njia nzima ya machimboni ni mawe meupe,
matone yale hata hayakuonekana.
Nilitaka kumkamua. Shaame akanishika mkono:
"Ukilikamua unalidanganya. Liache lijue."
Nikaingia ndani, nikashona mapazia ya watu
mishono ikapinda yote.

Siku ya tatu sauti ikamkauka.
Siku ya tano akainamia ndoo:
ukoka, pumba, kijiwe cha chumvi.
Alikula huku kanipa mgongo.

Na miezi ikenda, manyoya ya utotoni yakamtoka mafungumafungu,
Shaame akaanza kumpima yeye naye, kwa jicho.
"Shingo hiyo inabeba mkanda. Mifuko miwili ya saruji, si mingi."
Nikalifungua daftari.
"Tazama nyuma kapita mbele vidole vitatu.
Nguo iliyokatwa hivi humvishi mtu.
Mifupa yake imepigwa bandi tu, kaka;
ukiivuta sasa inafumuka, na uzi wake hauuzwi Konde."

Hakunijibu. Alipiga mluzi, gari likaondoka.

Jioni alirudi na tupa mpya mfukoni, haina hata kutu.
Akachuchumaa, akagusa mguu wa mbele,
na yule mwana, niliyemzoesha kila Ijumaa bila kumwambia mtu,
akaunyanyua mwenyewe, akamwekea Shaame ukwato kiganjani.
"Nani kamfundisha?"
Nikajitia kutafuta sindano.

Leo mia na mbili.
Kwenye safu ya deni sijaandika kitu.